Mwangwi wa Sam Phillips: Ufundi wa Studio ya Sun

Vitabu vingi vya historia ya muziki wa Marekani humsifu Sam Phillips kama mtu aliyemwibua Elvis Presley, ilhali kazi yake ya ufundi, ambayo ndiyo iliyozipa rekodi za kampuni yake ya Sun sauti inayotambulikana hadi leo, hutajwa kwa haraka kana kwamba ilikuwa bahati. Phillips, aliyezaliwa Alabama mwaka 1923, alikuwa fundi wa redio kabla ya kuwa mtayarishaji, na alipofungua studio yake mjini Memphis mnamo Januari 1950, katika jengo namba 706 la barabara ya Union, aliingia na mazoea ya watangazaji wa moja kwa moja, ambao hulazimika kupima uwiano wa sauti kwa sikio na kuuamua papo hapo.

Mazoea hayo yaliafikiana na vifaa vyake. Rekodi zilikuwa za mono, yaani sauti zote ziliingia katika mkondo mmoja wa utepe, kwa hiyo mwimbaji na wapigaji walirekodiwa pamoja chumbani, na ala iliyosikika kupita kiasi haikuweza kupunguzwa baadaye, bali mpigaji wake alisogezwa mbali na maikrofoni kabla ya kuanza.

Studio kubwa za wakati huo zilikuwa na vyumba vya mwangwi, ambamo sauti ilitolewa kwa spika, ikavuma kwenye kuta ngumu, kisha ikanaswa upya. Phillips, ambaye hakuwa na chumba cha namna hiyo, alitumia vinasa sauti viwili vya Ampex. Kinasa cha aina hiyo kina kichwa cha kunasia, kinachoandika sauti kwenye utepe, na kichwa cha kusomea kilicho mbele yake kidogo, hivi kwamba sauti husomwa baada tu ya utepe kuvuka nafasi iliyo kati ya vichwa hivyo. Utepe ukienda inchi 15 kwa sekunde, na nafasi hiyo ikiwa takriban inchi 2, sauti huchelewa kwa kiasi cha sekunde 0.13. Phillips alitenga kinasa kimoja kwa ajili ya ucheleweshaji huo, akairudisha sauti iliyochelewa kwenye meza ya kuchanganyia, na mchanganyiko wote ukanaswa na kinasa cha pili, bila nafasi ya kuuondoa mwangwi baadaye.

Mwangwi wa utepe haukuwa uvumbuzi wake, kwani mpiga gitaa Les Paul alikuwa ameshautumia. Ustadi wa Phillips ulikuwa katika kujua mahali pa kuuweka. Rekodi za mwanzo za Presley, za mwaka 1954, hazikuwa na mpiga ngoma, bali gitaa la Scotty Moore na besi ya Bill Black, ambayo nyuzi zake zilipiga ubao wa ala kwa kishindo. Mwangwi ulipokirudia kishindo hicho mara moja, mara tu baada yake, ulizaa pigo la pili lililoshika nafasi ya ngoma, na sauti ya mwimbaji, badala ya kutangulizwa mbele kama ilivyokuwa desturi, ilishushwa hadi ikawa sehemu ya kikundi. Huu ndio uamuzi mkubwa kuliko yote aliyoyafanya Phillips, na unastahili kuitwa utunzi.

Kwa upande mwingine, haki inataka isemwe kwamba sikio la Phillips lilikomazwa na wanamuziki weusi kama Howlin' Wolf, aliyerekodiwa hapo mwaka 1951, na kwamba baada ya mafanikio ya Presley nafasi yao katika Sun ilipungua sana.

Novemba 1955 mkataba wa Presley uliuzwa kwa RCA Victor kwa dola 35,000. Mafundi wa kampuni hiyo walipoutafuta mwangwi uleule huko Nashville, Januari 1956, waliegemea ujia wa ndani ya jengo, na wakapata mvumo mrefu unaoitenga sauti ya mwimbaji na ala zake. Msomaji asikilize "Mystery Train" ya mwaka 1955, kisha "Heartbreak Hotel" ya mwaka uliofuata, akiitegea besi sikio kabla ya mwimbaji.