Chatu wa Kinshasa: Lugha na Hadhira katika Katuni za Papa Mfumu'eto

Wahakiki wa fasihi pendwa wamezoea kuipima katuni kwa ustadi wa mchoro. Kwa kipimo hicho, Papa Mfumu'eto wa Kwanza, msanii wa Kinshasa aliyeanza kujichapishia vijitabu vyake mnamo mwaka 1990, angeanguka mapema. Michoro yake ni ya wino mweusi, karatasi ni duni, na maneno yamesongamana hata wahusika hukosa pa kusimama. Hata hivyo, vijitabu hivyo vilipata wasomaji wengi mitaani na sokoni.

Sababu ya kwanza ni lugha. Mfumu'eto hakuandika Kifaransa cha shuleni bali Kilingala cha mitaani. Anwani ya simulizi iliyompa umaarufu, Nguma ameli mwasi na kati ya Kinshasa, si kirai nomino kama zilivyo anwani nyingi. Ni sentensi kamili: chatu amemmeza mwanamke katikati ya Kinshasa. (Msomaji wa Kiswahili ataitambua a- ya upatanisho bila mkalimani.) Huo ni muundo wa uvumi, si wa ngano. Ngano humwomba msikilizaji ruhusa kwa fomyula yake ya kufungulia. Uvumi hauombi, huarifu. Kwa kutaja jiji analoishi msomaji, anwani inamwondolea umbali ambao kwa kawaida humlinda dhidi ya hadithi za mazimwi.

Katika simulizi yenyewe, mwanamume anageuka chatu, anammeza mwanamke, kisha anatapika noti za dola. Mwaka huohuo, mwezi Aprili, Mobutu alitangaza kuruhusu vyama vingi, na wasomaji walimwona yeye katika joka hilo. Usomaji huo una mashiko, lakini ukiachwa peke yake unaipunguza kazi. Anayemezwa ni mwanamke, na kinachotoka ni fedha: mabadilishano hayo yalieleweka katika nyumba za kawaida, si ikulu tu.

Tangu hapo hadhira imepanuka. Nyaraka za msanii zimehifadhiwa katika Chuo Kikuu cha Florida, na mwaka 2015 kazi zake zilionyeshwa Paris, katika maonyesho ya sanaa ya Kongo ya Fondation Cartier. Heshima hiyo anaistahili. Ila kwa mtazamaji asiyejua Kilingala, maneno yaliyosongamana yanageuka kuwa sehemu ya mchoro, na kazi inarudi kupimwa kwa wino wake, yaani kwa upande wake ulio dhaifu zaidi.