Firigisi si "Tumbo la Pili"

Mfasiri wa vitabu vya bayolojia aandikaye "tumbo la pili" ameiacha istilahi iliyo tayari: firigisi. Hesabu hiyo yaweza kumfaa kuku, ambaye kabla ya firigisi ana tumbo litoalo vimeng'enya. Lakini nyungunyungu na mende wana firigisi pasipo tumbo hilo kuitangulia; la pili latoka wapi? Mwanafunzi wa Kikole, Kilwa, aliyewahi kupasua firigisi ya kuku akakuta changarawe, ameshaijua kazi yake: kusaga. Mwalimu hana budi kumwongezea kwamba mende husaga kwa meno sita magumu yaliyomo humo, na kwamba kufanana kwa kazi si kufanana kwa asili. Istilahi hii na ifuate kazi, isifuate hesabu.