Ukitamka Feim, Hakuna Kinachokudhuru

Hatimaye nimeingia Skyrim, gemu la Bethesda lililotoka tarehe 11 Novemba 2011 na ambalo wenzangu hawajaacha kulisifu tangu siku hiyo. Nilitegemea panga, majoka na milima ya theluji, na vyote nimevikuta, tena tele. Lakini kilichoninyima usingizi ni maneno. Humu ndani kuna lugha nzima ya kubuni, lugha ya majoka, na sauti zake zikitoka kinywani zinatenda. Nyingine zinasukuma, nyingine zinatoa moto. Na nyingine, jamani, zinakinga!

Utaratibu ni huu. Mhusika wako ni Dovahkiin, mwenye mwili wa kawaida lakini roho ya joka. Nguvu ya sauti yake inaitwa Thu'um, na kila Thu'um ina maneno matatu. Ukigusa kitufe na kukiachia, anatamka neno la kwanza. Ukikishikilia, la pili linafuata, kisha la tatu, na nguvu inazidi kadiri maneno yanavyoongezeka. Maneno yenyewe yamechongwa kwenye kuta za mawe, mapangoni, makaburini na vileleni. Ukiusogelea ukuta unaanza kusikia kwaya, inapanda, inapanda, kingo za skrini zinaingia giza, halafu neno moja linawaka na mwanga wake unakujia mwilini. Na bado haliko tayari! Mpaka umuue joka na kuichukua roho yake ndipo linapofunguka.

Sasa nije kwenye kinga yenyewe. Wazee wa monasteri ya High Hrothgar wanakutuma kwenye kaburi la Ustengrav ukatafute pembe ya Jurgen Windcaller, mwalimu wao, na humo humo ndimo ulimo ukuta wenye neno Feim, yaani kufifia. Ni la kwanza katika matatu: Feim Zii Gron. Zii ni roho, Gron ni kufunga. Neno moja linakupa sekunde 8 za kutodhurika, mawili 13, yote matatu 18. Nilisimama ukingoni mwa jabali ambalo kuruka ni kujiua, nikabonyeza, nikaruka. Mwili ukageuka wa samawati hafifu, unaona hadi upande wa pili. Nikashuka moja kwa moja mpaka chini na kutua kwa miguu miwili bila hata mkwaruzo. Nilipiga kelele chumba kizima!

Uzuri ni kwamba kinga hii ina sharti. Ukiwa umefifia hudhuriki, na wewe pia humdhuru mtu. Ukipiga kwa upanga tu, imevunjika. Hapo ndipo gemu linapokufundisha kufikiri: unalitamka neno ili upate nafasi ya kukimbia, kuvuta pumzi, kuacha afya irudi, kisha ndiyo uchague kupigana au kuondoka zako.

Kuna Thu'um nyingine niliyoipenda mno, Kaan Drem Ov. Kaan ni Kyne, mungu wa kike ambaye simulizi za humo zinasema ndiye aliyewajalia binadamu Sauti, yaani hiyo Thu'um. Drem ni amani, na Ov ni kuaminiana. Ukiitamka mbele ya mbwa mwitu waliokuwa wanakurarua, wanatulia. Unapita katikati yao, nao wanakutazama tu. Sijawahi kukutana na gemu linalonipa silaha ya namna hii, silaha inayomwacha adui hai.

Na wale wazee? Arngeir ndiye anayezungumza nawe kwa kirefu, kwa sababu sauti za wenzake zimekuwa nzito kiasi kwamba wakinong'ona tu jengo linatikisika. Wanafuata mafundisho ya Jurgen Windcaller, kwamba Sauti ni ya ibada na amani kabla ya kuwa ya vita. Ukishasikia sakafu ikitetemeka kwa mnong'ono mmoja, unaelewa kwa nini wameamua kunyamaza.

Waliobuni lugha hii hawakufanya mchezo. Msingi wake uliwekwa na Emil Pagliarulo, na mchoraji Adam Adamowicz akabuni alama zake zifanane na mikwaruzo ya makucha ya joka. Alama ni 34: herufi 25, maana C haimo, pamoja na alama 9 za sauti zinazoandikwa kwa herufi mbili, kama aa na ii. Wimbo mkuu wa gemu, wa mtunzi Jeremy Soule, nao umeimbwa kwa lugha hiyo hiyo, na kwaya ya watu zaidi ya 30 iliyorekodiwa mara tatu ili isikike kama watu 90.

Lakini hili ndilo lililonimaliza kabisa. Katika mazungumzo ya kawaida shujaa wako hasikiki, wewe unachagua tu maandishi kwenye skrini. Maneno pekee unayomsikia akiyatamka kwa sauti yake ni haya ya majoka. Kwa hiyo kila Feim inapomtoka, unahisi amesema jambo lenye uzito!

Kasoro ninayoiona ni moja: Thu'um zote zinagawana muda mmoja wa kupumzika. Ukitamka Feim Zii Gron unasubiri sekunde 40 kabla ya kutamka chochote kingine, na joka halina habari na subira yako. Ila hata hilo linakufanya uyaheshimu maneno.

Hukumu yangu haina kusitasita: hii ndiyo lugha ya kubuni iliyonifurahisha kuliko zote nilizowahi kukutana nazo kwenye gemu. Iwe una kompyuta, PlayStation, Xbox au Switch, litafute. Na ukishaingia, usikimbilie maneno ya moto peke yake kama wengi wanavyofanya. Panda kwa wale wazee mapema, nenda Ustengrav, lichukue Feim kwanza. Mengine yote utayapata ukiwa hai.