Kabati la Mizaha la Phyllis Diller

Katika Makumbusho ya Taifa ya Historia ya Marekani, mjini Washington, limehifadhiwa kabati la chuma lenye droo 48, pamoja na nyongeza ya droo 3. Ndani yake zimo kadi zaidi ya 52,000, kila moja ya inchi 3 kwa 5, na kila moja imepigwa taipu mzaha wake. Mwenye kabati alikuwa Phyllis Diller (1917–2012), mama wa watoto watano, aliyeanza kazi ya jukwaani mjini San Francisco mwaka 1955, akiwa na miaka 37. Kabati aliwapa makumbusho mwaka 2003.

Wingi wa kadi hizo umesifiwa vya kutosha. Lililo zito zaidi ni mpango wake. Diller alizipanga kwa mada, na mada akazifuatanisha kwa alfabeti. Huo ni mpango wa karani, na kwa kazi yake ulifaa sana. Mzaha wake ulikuwa wa sentensi moja au mbili, tena uliojitosheleza. Zaidi ya hayo, alimbuni mume aliyemwita Fang, ambaye hadhira ilikwisha kumzoea. Kwa hiyo kadi yoyote ya Fang iliweza kufuata nyingine bila utangulizi. Mhusika ndiye aliyezishona kadi. Bila yeye, droo zile zingekuwa shanga zisizo na uzi. Hata mizaha aliyoinunua kwa waandishi wengine ilipata kuwa yake kwa njia hiyo.

Lakini je, mpango huu wafaa kuigwa na kila mwenye kukusanya vichekesho? Naona haufai. Tuchukue hekaya ya Abunuwasi na sufuria. Aliazima sufuria, akairudisha pamoja na kijisufuria, akidai kwamba imezaa; mwenyewe akakubali kwa furaha. Siku nyingine akaazima tena, kisha akasema imekufa. Tuiweke wapi? Chini ya vyombo, ujirani, tamaa, au kifo? Popote tutakapoiweka tutaificha, maana kicheko hakimo katika sufuria. Kimo katika kule kukubali kwa kwanza kunakomfunga mtu kinywa baadaye. Tukikata kadi ya kifo peke yake, tumebaki na upuuzi.

Kuna na upungufu mwingine, ambao hata Diller hakuweza kuukwepa. Kadi haina ule mcheko wake mkali, wala nywele zilizotimka, wala kikono kirefu cha sigara alichokishika jukwaani ilhali hakuwa mvutaji. Vilevile mpangilio wa mada hautuambii mzaha upi ulitangulia usiku fulani na upi ukafuata. Mwaka 2017 watu wa kujitolea walizinakili kadi zote katika kompyuta, na sasa neno lolote hutafutwa kwa urahisi. Kazi hiyo ni ya kushukuriwa sana, ila imetuongezea njia za kuifikia kadi moja moja tu.

Basi anayekusanya vichekesho vya Kiswahili ili avitumie jukwaani na ajiwekee daftari la pili kando ya kadi zake. Humo aandike tarehe, mahali, watu waliokuwapo, na mfuatano wa vichekesho tangu mwanzo hadi mwisho. Aonyeshe pia pale watu waliponyamaza. Mada ataziongeza baadaye apendapo, hata akiwa amekwisha kustaafu. Mfuatano usipoandikwa usiku uleule, asubuhi hatakuwa nao.