Sifa ya Kunyamaza: Mary Livingstone katika Gari la Maksai

Hapa Burundi wengi wetu tunamjua David Livingstone kwa jiwe la Mugere, linalokumbusha kupita kwake na Stanley mwezi Novemba 1871. Huyo ni Livingstone wa miguu na mtumbwi. Lakini kitabu kilichomjengea jina, Missionary Travels and Researches in South Africa (1857), kinaanza na safari ndefu za gari la kukokotwa na maksai, na gari hilo lilibeba pia mke na watoto. Katika makala haya nahakiki tukio moja la mwaka 1851. Nadai kuwa msimulizi anamsifu mkewe kwa namna inayomnyima sauti.

Tukio lenyewe ni hili. Livingstone, mkewe Mary, watoto wao watatu na rafiki yao William Cotton Oswell wanavuka nchi kavu wakielekea kwa Sebituane, mtawala wa Wakololo. Shobo, kiongozi wao wa njia, anapotea, kisha anawaacha. Maji yanakaribia kwisha garini na watoto wanalia kiu. Alasiri ya siku ya tano, wanaume waliotumwa kutafuta maji wanarudi nayo.

Msimulizi anatueleza kwamba mama wa watoto hakumlaumu hata kidogo, ila macho yake yalilengwa na machozi. Anaongeza kwamba yeye mwenyewe angepata nafuu kama angelaumiwa. Tuangalie nafsi inayotawala hapo. Maumivu ni ya mama, lakini tunachoelezwa kwa kina ni dhamiri ya baba. Mary anapewa chozi, hapewi neno. Kunyamaza kwake kunageuzwa kuwa fadhila, na fadhila hiyo inamfaa mume zaidi kuliko mke.

Yuko atakayepinga kwamba hiki ni kitabu cha uvumbuzi, wala si cha mambo ya nyumbani. Hoja hiyo ina uzito. Hata hivyo, mwandishi huyuhuyu anatuhesabia maksai 43 waliouawa na mbung'o, na mdudu huyo amechorwa kwenye ukurasa wa jina la kitabu. Anajua sana kutaja gharama ya safari. Lakini katika simulizi ya kiu hasemi kwamba Mary alikuwa mjamzito; alijifungua mwezi Septemba mwaka huohuo, safarini.

Tena Mary hakuwa abiria asiyejua njia. Alizaliwa Griquatown mwaka 1821, akakulia Kuruman kwa wazazi wake, Robert na Mary Moffat. Alijua Kitswana na maisha ya gari la maksai kabla mumewe hajafika Afrika mwaka 1841. Anayenyamazishwa na usimulizi ndiye mwenye uzoefu wa muda mrefu zaidi katika familia ile.

Na lawama hazikukosekana. Mwaka huohuo wa 1851, mama yake Mary alimwandikia mkwewe barua kali, akimkemea kwa kumchukua binti yake mjamzito na watoto katika safari ya hatari. Katika ukurasa wa kiu barua hiyo haimo. Anayesema angependa kulaumiwa alikuwa amekwisha kulaumiwa, kwa maandishi.

Mwaka 1852 Mary na watoto walipandishwa meli Cape Town kwenda Uingereza. Mwaka uliofuata Livingstone aliliacha gari Linyanti, akaelekea Luanda na watu 27 bila gari. Sifa yake kubwa ilitokana na safari hiyo.

Wenzangu, tusomapo vitabu vya safari tumezoea kufuata ramani na tarehe. Napendekeza tuhesabu pia waliokuwa ndani ya gari, tuone ni nani kati yao anayesema na ni nani anayesemewa. Mtu anaposifiwa kwa kutolalamika, mhakiki ana wajibu wa kuuliza alikuwa na lipi la kulalamikia.