Wimbo Ukifunguliwa Traki kwa Traki

Kisauni, Mombasa, studio nyingi ni chumba kimoja tu: godoro ukutani la kuua mwangwi, maiki, kompyuta na spika mbili. Humo prodyuza mmoja kijana alinifungulia wimbo wake wa mapenzi wenye mdundo wa chakacha. Alizima traki zote, akaziwasha moja moja.

Gita likiwa peke yake lilikuwa jembamba, halina uzito. Amelikata sauti za chini makusudi, maana huko ndiko besi inakokaa. Alipoiwasha besi, gita lile lile likanona. Na kila ngoma kubwa inapopiga, besi hujishusha kwa muda mfupi mno, ikaipisha, ikarudi.

Kilichonishika zaidi ni kayamba. Ngoma zimepangwa na kompyuta, sawasawa kabisa, ila kayamba limetikiswa kwa mkono na linachelewa kidogo nyuma ya mdundo. Angeweza kulisogeza mara moja. Ameliacha. Alipolizima, mdundo uliendelea bila kosa, lakini ile raha ya kiuno, ambayo ndiyo chakacha yenyewe, ikatoweka.

Kisha viitikio. Mwimbaji ameurudia mstari mmoja katika traki tatu, lakini herufi “s” inasikika kwenye moja tu. Kwenye nyingine mbili ameimeza. Angeitamka kote, zingepishana kidogo na kuchachatika kama kitunguu kwenye mafuta ya moto.

Zamani traki zilikuwa chache. Kati ya 1966 na 1967 Beatles, bendi ya Uingereza, walirekodi albamu ya Sgt. Pepper's Lonely Hearts Club Band jijini London kwa mashine za traki nne. Zikijaa, waliziunganisha ziwe moja au mbili ili wapate nafasi, na kurudi nyuma kukawa kugumu. Mashine ndiyo iliyowalazimisha kuamua. Kompyuta ya Kisauni inabeba traki nyingi kuliko anazozihitaji mtu, kwa hiyo kuamua nini kibaki na nini kipungue ni kazi ya sikio. Huo ndio ufundi wa prodyuza, nao hausikiki mpaka traki zitenganishwe.

Si lazima uende studio kuusikia. Tangu 2019 kuna Spleeter, programu ya kampuni ya Deezer ya Ufaransa, inayoutenga wimbo uliokamilika kuwa sauti, ngoma, besi na vinginevyo. Uweke humo wimbo wa bendi ya Mombasa Roots, walioitia chakacha kwenye disko miaka ya 1980. Iache sauti ya mwimbaji mwisho. Anza na ngoma.