Milman Parry: Msomi Aliyekwenda Kusikiliza

Sisi walimu, tusahihishapo tungo za wanafunzi, hatukawii kupiga mstari mwekundu pale tuonapo maneno yamerudiwa. Marudio, twasema, ni dalili ya umaskini wa lugha. Yafaa basi tuitazame kazi ya msomi mmoja wa Kiyunani cha kale aliyeyatafutia marudio hayo sababu.

Milman Parry alizaliwa Oakland, California, mwaka 1902. Alisoma katika Chuo Kikuu cha California, Berkeley, kisha akapata shahada ya udaktari mjini Paris mwaka 1928. Kuanzia mwaka 1929 alifundisha Harvard, na mwezi Desemba 1935 akafariki akiwa na umri wa miaka 33 tu.

Wasomi wa Ulaya walikuwa wamebishana kwa muda mrefu: je, Iliad na Odyssey ni kazi ya Homer peke yake, au ni tungo za wengi zilizounganishwa? Parry aliuliza swali jingine. Kwa nini Achilles aitwe mwepesi wa miguu hata anapokuwa ameketi? Alionyesha kwamba sifa hiyo haikuchaguliwa kwa ajili ya tukio, bali kwa kuwa inaenea barabara katika nafasi fulani ya mstari. Mpango wa sifa za namna hiyo ulikuwa mpana mno kubuniwa na mtu mmoja. Ulikuwa urithi wa vizazi vya waimbaji.

Hakutosheka na vitabu. Mwaka 1933, na tena kuanzia 1934 hadi 1935, alikwenda Yugoslavia kuwarekodi waimbaji walio hai. Huko Avdo Međedović, mchinja nyama asiyejua kusoma wala kuandika, alimtolea utenzi wa mistari zaidi ya 12,000.

Kwa maoni yetu, hapo ndipo ulipo ukubwa wa Parry: profesa alikubali kuwa mwanafunzi wa mchinja nyama. Hata hivyo, hatuna budi kutahadhari. Mwanafunzi wake, Albert Lord, aliyeiendeleza kazi hiyo katika kitabu chake cha mwaka 1960, alitenga mno utungaji wa mdomo na ule wa kalamu. Ruth Finnegan, mwaka 1977, alionyesha kuwa mambo hayo mawili huingiliana. Tenzi zetu za pwani ni ushahidi: ziliandikwa kwa hati za Kiarabu, lakini zilikusudiwa kughaniwa mbele ya wasikilizaji. Anayezipima kwa kanuni ya Yugoslavia peke yake atazidhulumu.

Somo litufaalo ni lile la kusikiliza. Kisa cha Mwindo cha Wanyanga wa Kongo kingebaki porini kama Candi Rureke asingepata watu wa kumwandika mwaka 1956. Kilipochapishwa mwaka 1969, jina lake halikuachwa nje.

Basi, mwalimu mwenzetu, kabla hujapiga mstari mwekundu, soma utungo ule kwa sauti. Huenda neno lililorudiwa linalichosha jicho lakini linalisaidia sikio. Na umtumapo mwanafunzi kwa wazee, mwagize aandike kwanza jina la msimulizi, ndipo aandike kisa.